Mlalamishi Hakuitika

Manyatta, Embu
6 Machi 1955

Ndugu yangu Kivuti,

Salamu nyingi. Huku tunaamka, na mama anakunywa uji vizuri. Kifua cha mtoto wako kinaendeleaje?

Mimi mkono wa kushoto umefungwa plasta. Hedimani wa kijiji chetu alinipiga na kitako cha bunduki kwa sababu nilichelewa kazi ya lazima ya kuchimba mtaro. Daktari alipouliza nani kanipiga, hedimani akajibu kabla yangu: "Ni Njagi, jirani yake." Unamjua Njagi, yule mwalimu aliyekataa kuwa homugadi wa kulinda ngome ya serikali. Sasa yuko rumande. Mimi najua kuandika jina langu, lakini huko ngomeni walishika kidole changu wakakibonyeza kwenye karatasi. Eti mimi ndiye mlalamishi. Kesi ni tarehe 22, korti ya Embu.

Wewe ni karani wa korti. Nifanye nini? Barua nampa Barre wa lori, isipitie ngomeni.

Dada yako,
Nelius


Meru
10 Machi 1955

Dada mpendwa,

Barua nimeisoma mara mbili nikiwa nimesimama. Pole sana kwa mkono. Mtoto amepona.

Dada, nenda useme yaliyoandikwa. Njagi atafungwa miezi sita, atatoka. Ukimtaja hedimani utapelekwa kizuizini, na mama atabaki na nani? Nimeona wengi wakipita hapa kortini. Tafadhali.

Ndugu yako,
Kivuti


Manyatta
13 Machi 1955

Ndugu yangu,

Nimefurahi mtoto amepona. Mama anakusalimu.

Maneno yako nimeyasikia na siyataki. Jana Felicitas, mke wa Njagi, alinichotea maji kwa sababu ya huu mkono. Mimi sikumwangalia usoni.

Sasa nakuuliza hivi: nisipokwenda, korti inafanyaje? Jibu hilo tu.

Dada yako,
Nelius


Meru
17 Machi 1955

Dada,

Sisi wazima, natumaini nyinyi pia.

Siku ya kesi jina la mlalamishi linaitwa. Kama alijulishwa tarehe na hakuja, hakimu anamwachilia mshtakiwa, isipokuwa aone sababu ya kuahirisha. Nimekwambia kwa sababu umeuliza, si kwa sababu nataka. Ichome barua hii.

Ndugu yako,
Kivuti


Meru
4 Aprili 1955

Dada yangu Nelius,

Mko wazima? Barre amepita huko mara mbili na hakukuona sokoni. Kazini naandika makosa, bwana mkubwa ananikaripia. Nimewaombea kibali wewe na mama mje kukaa kwangu hapa Kinoru, na nimekipata. Niandikie hata neno moja.

Ndugu yako,
Kivuti


Manyatta
21 Aprili 1955

Ndugu yangu,

Usiogope, mimi mzima na mama mzima. Nilifungiwa ngomeni siku kumi na nne.

Tarehe 22 hedimani alitangulia Embu na baiskeli. Aliniachia pasi ya kutoka kijijini nimfuate. Nikaitia motoni, nikangoja iishe. Kisha nikaenda langoni.

Homugadi akasema, "Pasi iko wapi?"

"Sina."

"Hakuna pasi, hakuna kutoka."

Nikamwambia asante, nikarudi mtaroni.

Felicitas alikuwa kortini. Anasema niliitwa mara tatu. Hedimani akaomba siku nyingine. Hakimu akamwuliza sababu, akasema niko njiani. Wakangoja mpaka saa sita. Hakimu akachoka, akamwambia Njagi aende nyumbani.

Hedimani aliporudi alinipiga tena. Nikamwambia, "Uliza mtu wako wa langoni. Amri ni yako." Akauliza, na yule akasema kweli, alinizuia yeye mwenyewe. Kwa hiyo nilifungiwa kwa kupoteza pasi tu.

Njagi alikuja kumsalimu mama, akakaa na sisi mpaka chai ikaisha.

Kibali nashukuru, lakini siji, na mama amesema haji. Wiki hii wamemshika Muthamia, mume wa Cicily wa hapa jirani, eti alikula kiapo cha Mau Mau. Wanawake wananiuliza sheria ya hiyo inasemaje. Niandikie, na uandike wazi, kwa sababu nitawasomea wote.

Dada yako,
Nelius