Mwanangu Ana Jina Nisiloweza Kulitamka

Jumamosi, Ibighi. Mvua tangu alfajiri, ile mvua yetu ya Tukuyu isiyo na haraka ya kwenda popote. Nepi sita zinaning'inia juu ya jiko la mkaa na hakuna hata moja iliyokauka. Lakini leo sina la kulalamika, na anayenijua anajua hilo si jambo dogo.

Shajara, nikuungamie tangu mwanzo. Wiki mbili hizi nimekuwa na siri.

Mtoto wetu wa kwanza ana wiki sita, na kesho anabatizwa. Jina alipewa akiwa bado tumboni: akizaliwa wa kiume, atachukua la babu yake mzaa baba. Ndivyo wafanyavyo kwao mume wangu kule Suma, na sikupinga. Mzee ni mtu mwema, mkulima wa chai na migomba, hajawahi kunisema vibaya hata siku moja.

Tatizo ni kwamba mimi jina lake silitamki.

Si chuki, ni heshima. Mama yangu kule Igogwe alinifundisha kabla sijaolewa: jina la baba mkwe halipiti mdomoni mwa mke wa mwanawe, wala mkamwana hakai naye chumba kimoja, wala hamtazami usoni. Siku hizi wengi wamelegeza, utawakuta mkwe na mkamwana wanakula meza moja na kutaniana. Mimi nimeshindwa. Miaka saba ya ndoa, mzee akija hapa kwetu namwamkia nikiwa nyuma ya pazia la jikoni. Kuna wimbo kanisani una neno linalofanana na jina lake. Wenzangu wakilifikia nafunga mdomo, nawasubiri mbele. Hata hapa siliandiki. Najua mzee hasomi shajara hii ya mtandaoni, ila vidole vimegoma.

Sasa kesho mchungaji atanigeukia mimi niliyembeba mtoto, mbele ya kanisa zima, aulize: mtoto huyu anaitwa nani? Na mzee atakuwa benchi la mbele.

Halafu baada ya kesho kuna maisha. Akicheza barabarani na pikipiki inakuja, nitamwitaje? Nitapiga makofi?

Ndipo nikaanza kutafuta jina la pili, la kwangu mimi. Mkono mmoja mtoto, mkono mmoja simu. Nikalipata: Zaviel. Nililipenda kwa sababu Tukuyu nzima hayupo mwenye jina hilo. Ukurasa mmoja ulisema maana yake ni nuru ya mfalme, mwingine ukasema mto wenye nguvu, wa tatu ukasema asili yake haijulikani. Mimi ni fundi cherehani. Najua kabisa kwamba kitambaa kisichojulikana kilikotoka huchuja rangi siku ya kwanza kikifuliwa. Nikajifanya sijaona, nikachagua nuru ya mfalme. Nani asiyeitaka?

Nilipomwambia mume wangu, Lusajo, alicheka mpaka akakaa chini. "Mama atamwita Safieli," alisema. Nilinuna siku nzima, hasa kwa sababu alikuwa anasema kweli. Hakulikataa. Alisema tu kwamba wazazi wake niwaambie mwenyewe.

Leo saa nne asubuhi wakafika kutoka Suma, wamelowa, wamebeba mkungu wa ndizi. Mzee akakaa sebuleni na Lusajo. Mama mkwe akaja moja kwa moja jikoni, tukaanza kumenya ndizi za mbalaga, zile za kupika, naye mtoto amelala mgongoni kwake. Nilifungua mdomo mara tatu nimwambie kuhusu Zaviel. Mara zote tatu nikaishia kuuliza kama chumvi inatosha.

Kisha akamfungua mtoto mgongoni, akampeleka kwa babu yake.

Nikiwa nyuma ya pazia nilimsikia mzee akimwita mjukuu kwa jina, lile lile lake. Akalirudia polepole, kwa fahari, nami nikaona aibu kwamba nilitaka kulifunika na kitu cha kwenye simu. Mtoto akaamka akalia. Mzee akamwimbia, kilio kikapanda. Lusajo akambeba, wapi! Kilio kile mama yeyote anakijua, kinakuvuta kifuani. Kuingia sebuleni siwezi. Nikasahau kila kitu.

"Jirani! Jirani, nyamaza, nipo hapa!"

Mtoto akanyamaza.

Hilo nalo nikueleze. Siku aliyozaliwa, muuguzi alimlaza pembeni yangu kitandani. Akafungua jicho moja, akanitazama kama mpangaji mpya anayekagua mtaa. Nilikuwa nimechoka, sina neno la maana. Nikasema, "Karibu, jirani." Tangu hapo ikawa hivyo: jirani umeamka, jirani umelowa tena, jirani leo umenyonya ya watu wawili. Sikuwahi kulihesabu kuwa jina. Mtu hatafuti maana ya neno analolitumia akiosha nepi.

Ndipo nikakumbuka walio sebuleni. Nilitamani sakafu ifunguke. Mbele ya wakwe, siku moja kabla ya ubatizo, nimemwita mwenye jina la mzee kama mtu wa nyumba ya pili!

"Anamwitaje huyo?" mzee akauliza kwa Kinyakyusa. Hakuniuliza mimi, bila shaka, ila alipaza sauti ya kutosha kupenya pazia.

"Jirani, baba," Lusajo akajibu.

Mzee akacheka, kicheko kirefu chenye kikohozi ndani yake.

"Basi jina analo, na analiitikia. Langu bado halijui." Akaendelea, sasa akisema na pazia waziwazi. "Ukifiwa, nani anafika kwanza? Ndugu yako bado yuko Mbeya anatafuta gari. Jirani ameshafika, ameshawasha moto. Ni jina zuri hilo. Langu liandikeni, atalikuta akikua. Mama yake amwite anavyomwita."

"Ndaga, baba," nikamshukuru kutoka jikoni. Nilikuwa nalia juu ya ndizi.

Mama mkwe akarudi na mtoto, akanikabidhi, akakaa kwenye kigoda chake. Akanitazama ninavyonyonyesha, kisha akaniuliza kama nimewahi kujua kwa nini yeye humwita Lusajo "Mwenzangu".

Hapa kuna ungamo la pili. Miaka saba jina hilo limenikera. Kila akipiga simu, "Mwenzangu yupo?" Nilidhani ananiambia kwamba wao ni wawili na mimi ni wa kuja.

Kumbe Lusajo lilikuwa jina la baba mkwe wake. Alipojifungua, mume wake alikuwa kibaruani mbali, na nyumba nzima walikuwa yeye na mtoto. Jina hawezi kulisema. Akamwita Mwenzangu, kwa kuwa ndivyo alivyokuwa. Mtoto wake amekua, ameoa, ana mvi mbili tatu, na mama huyu hajamwita Lusajo hata mara moja.

"Kanisani alijibu baba yake," alisema. "Mimi niliinama. Mchungaji hakujua kama nina langu."

Nilimwomba msamaha kwa niliyoyawaza, akaniuliza ni yapi, nikasema basi tu. Akacheka, akanichukulia kisu amalize ndizi zangu.

Sasa ni saa kumi jioni. Wote wamelala kwa shibe, mvua inaendelea, na nepi moja imekubali kukauka. Zaviel nimemfuta kwenye simu. Nuru ya mfalme imtafute mama mwingine.

Kesho mchungaji akiuliza, jina la kwanza atalitaja Lusajo. La pili nitalitaja mimi, kwa sauti ya kufika benchi la nyuma. Mama mkwe ameshaomba nafasi pembeni yangu. Anasema anataka awe karibu, amsikie mama akitamka jina la mwanawe.