Tope la Muanda

Kaka Bauma,

Shamba la Mama limekwisha. Pale palipokuwa na maharagwe pamebaki mashimo, na ndani ya mashimo maji yaliyooza. Watu wanakuja hata kutoka Ngungu na makoleo yao. Wanapita mlangoni, wanasema, "Jambo, Mama," kisha wanakwenda kupasua ardhi yake. Hakuna aliyepata kitu, na hawaachi. Wanasema ulileta sampuli ya dhahabu, na mwenye sampuli anajua mahali.

Ulileta minyoo, kaka. Nilikuwa nimekaa nyuma yako kwenye moto, ile pikipiki ya kukodi, siku ile, mfuko wa vichupa ukiwa kati yetu, na tangu Sake hukunyamaza. Ulikuwa umetoka Muanda, kule mto wetu mkubwa unapoingia baharini, na ulipiga kelele kushinda injini. Ulisema kiganja kimoja cha tope la mikoko kinaweza kubeba maelfu yao, wembamba kuliko uzi, mwili kama kioo. Ulisema wanaopenda mchanga wa ufukweni si wale wa topeni, na kwamba hata kilindini, kwenye giza na baridi, wapo wa kwao. "Utawatenganisha kwa kinywa," ukasema. Asiye na meno anakula bakteria. Mwenye jino anatoboa vimwani vidogo na kufyonza. Mwenye taya anakula minyoo wenzake. Halafu ukaniambia habari za vitundu viwili vya kunusia kichwani, kwa wengine kama mfuko, kwa wengine vimejizungusha kama nyumba ya konokono, na kwamba wataalamu huvitazama hivyo kwanza wanapowagawa katika koo zao.

Nilicheka. "Na watoto wa shule yako Nyabiondo watafanya nini na hayo?"

Ulisema utawaachia mikroskopu ya shule wachungulie wenyewe, kila mmoja kwa zamu yake.

Kwenye bariyeri, kizuizi cha watu wa bunduki, walitushusha. Mwenye moto aliyetuendesha aliruka bondeni akapona. Yule waliyemwita Komanda alikuwa amechimba dhahabu Omate kabla ya kushika bunduki, basi aliamini macho yake. Alimimina kichupa kiganjani, akaona tope jeusi lenye mchanga unaometa.

"Hii ulitoa wapi?"

"Ni tope ya bahari, chef. Iko na minyoo ndani. Mimi niko mwalimu."

"Bahari iko wapi hapa Masisi?"

Wote walicheka. Akakupa kichupa kingine. "Kama ni minyoo, kunywa." Ulikunywa fomalini, kaka, ile dawa wanayotilia maiti. Ukaanguka ukitapika damu, na yeye akawaambia wenzake, "Muone, anameza mali ili tusiione."

Ndipo walipoanza kukupiga. "Onyesha mulima yenyewe!" Milima ilikuwa imetuzunguka pande zote. Ungenyoosha kidole popote, kwa mjane wa ng'ambo, kwa wale wanaotuchukia. Nilikuwa namwomba Mungu unyooshe. Ulinitazama, ukasema kwa sauti iliyokwisha kuungua, "Kwa shamba ya mama yangu."

Mama alikuwa anapalilia. Alikuona unakuja umefungwa kamba, ukiwatangulia watu wa bunduki kumjia yeye. Walikufungua, wakakuchimbisha wewe mwenyewe. Walipochoka kuona udongo mtupu, walikupiga risasi ndani ya shimo lako, na Komanda akamwambia Mama, "Malizia kufukia."

Hajakulilia. Jina lako halitaji. Nilipomwambia ulichagua kwetu ili nyumba nyingine isife, alinijibu, "Na mimi? Mimi siko muntu?" Asubuhi niko upande wako, mchana niko upande wake.

Kisha majirani walikuja wakitaka kufungua kaburi lako. Mbele yao alikuwa Papa Kibira, aliyekula kwetu tangu tukiwa wadogo. Alisema kwa upole, "Labda mulimuzika na ile mali. Tunaangalia tu, halafu tunafunika." Mama alitoka jikoni na panga, akakaa juu ya kaburi, miguu ameinyoosha. "Mutoboe mimi kwanza." Alikaa hivyo kwenye mvua mpaka wote wakaondoka. Nilikwenda kumshika mkono nikifikiri sasa atalia. Aliutoa mkono wangu, akarudi kwenye sufuria yake.

Mke wako, uliyemwacha na mimba, amejifungua msichana. Ana paji lako la uso. Mama ametuamuru tumwambie baba yake alikufa kwa ajali ya moto barabarani, basi. Mimi sitamwambia hivyo. Siku atakapouliza nitamwambia kichupa, na kamba, na mlima uliouchagua, na swali la Mama pia, alibebe mwenyewe. Hiyo ndiyo ahadi yangu kwako, nyingine sina.

Kesho tunahama. Hapa hapalimiki tena. Mama amekwisha kufunga mizigo, na panga amelifunga ndani yake. Papa Kibira alipita jioni, koleo begani, akauliza tunaondoka saa ngapi.

Kwaheri, kaka. Unisamehe kwamba kaburi hatuwezi kulibeba.

Dada yako,
Furaha