Lango la Mwenyekiti

Izimbya, Jumanne

Nililifunga mimi. Mwenyekiti wa kijiji alisema tu.

Tulikuwa kwake tunakanyaga ndizi za pombe. Ma Koku, jirani yangu, akaja kuomba mkungu mmoja wa kupika, watoto wake hawajala tangu jana. Mwenyekiti akacheka. "Ndugu, shida yako ilete mkutanoni Jumamosi. Ujamaa ni utaratibu." Akaniambia nifunge lango.

Ma Koku akanitazama, akaniita kwa jina la binti yangu. "Hata wewe, Ta Yustina? Mke wako alipokufa nilimwosha mimi."

Nikafunga. Niliogopa kukosa kibarua.

Jioni nikalipwa ndizi. Nikaenda kwa Ma Koku nimpe nusu, nikasikia watoto wanalia ndani, nikaona aibu, nikarudi nazo zote.

Binti yangu Yustina ameniuliza kwa nini leo Ma Koku hakuitikia salamu yake. Nimemwambia ale.