Gemu za Bure za Izigo

Mjukuu wangu Koku,

Tumsifu Yesu Kristo. Huku Izigo tunaendelea, ila babu yako bado anakohoa.

Umeniuliza gemu za bure za mashine yenu ya kwenye televisheni zinapatikana wapi. Mama, sijui. Zetu tulizipata misibani. Akifa mtu kijijini hakuna kushika jembe, basi watoto tulichimba vishimo mgombani tukacheza bao kwa punje za kahawa. Miaka ile ya UKIMWI tulicheza mno, na rafiki yangu Adela alinifunga kila mara, akinitania: "Leo utalia, wewe!"

Alipofiwa na mama yake, tulichimba tena. Adela akaja, akatuangalia.

"Chezeni tu," akasema. "Leo mchezo umetoka nyumbani kwetu."

Ukizipata gemu zenu, cheza, mjukuu wangu. Mimi bao sijaligusa tena.

Bibi yako anayekuombea