Saini ya Shangazi Niliyoiweka Mimi

Shikamoo mshauri. Naomba unisaidie kabla ya Alhamisi, maana sina mwingine wa kumweleza, na mimi nikimtazama mtu usoni maneno yananipotea.

Nilimaliza shule mwaka jana, naishi na shangazi, namsaidia kuosha wateja nywele kwenye saluni yake. Wiki tano zilizopita shangazi alikuwa ametoka, akaja afisa wa leseni wa manispaa na ilani kwamba maji yetu machafu yanamwagika uchochoroni, tujenge mfereji ndani ya siku kumi na nne la sivyo saluni itafungwa, akafungua daftari akasema, "Mwenye biashara asaini hapa," nami nilitaka kusema hayupo lakini yeye ana haraka na mteja ana povu kichwani ananiita, basi nikaandika jina la shangazi, akaondoka. Ilani nikaitia kwenye droo ya vibanio nimpe jioni, lakini alirudi amenuna, nikasema kesho, na kesho ikazaa kesho nyingine, mpaka juma lililopita wakaja kufunga mlango kwa kufuli lao, nikawahi tu kuitia ilani mfukoni.

Shangazi alipoonyeshwa daftari alimwambia afisa, "Mimi niandike vizuri hivi? Mwandiko wangu hata mwenyewe nausoma kwa kubahatisha." Sasa ameweka wakili, na Alhamisi ataapa mahakamani kwamba afisa hakufika na saini ameighushi mwenyewe. Rafiki zake wanasema lazima huyo bwana afukuzwe kazi. Juzi akanishika bega: "Wewe ndiye shahidi wangu, mwanangu. Si ulikuwepo? Hakuja mtu." Nikaitikia kwa kichwa. Nikisema kweli saluni itapotea na sijui kama atanitaka tena nyumbani kwake. Nifanyeje?

Mimi, Muosha Nywele

Binti, marahaba.

Kuona haya si kosa, na kuandika jina la shangazi ulikuwa ujinga wa dakika moja. Lakini kila asubuhi ulifungua droo ile, ukachukua vibanio, ukaiacha karatasi. Hapo usiniambie habari za haya. Na kule kuitikia kwa kichwa juzi kulikuwa uongo, hata kama hukutoa sauti.

Unaogopa kwamba ukisema, shangazi atashindwa. Madai ya kughushi yatamshinda hata ukinyamaza, kwa sababu watakupa kalamu uandike mistari miwili na mwandiko utajulikana ni wa nani. Hapo atakuwa ameshaapa, naye aliamini anasema kweli. Au usijulikane, na mtu afukuzwe kazi kwa saini yako. Unataka lipi kati ya hayo?

Afisa naye alikosea, hakukuuliza wewe ni nani. Hilo wakili anaweza kulitumia: ilani haikumfikia mwenye saluni, basi aongezewe muda ajenge mfereji. Siahidi kwamba watakubali. Ila ni hoja ya kweli, na mnayo hiyo tu.

Mwambie leo, mkiwa wawili, ilani mkononi. Ulimi ukigoma, mpe karatasi kwanza, atauliza mwenyewe. Atakufokea, na ana haki. Usikimbilie chumbani, kaa umsikilize mpaka amalize. Kisha vaa viatu mwende wote kwa wakili, na huko kwa wakili aongee mmoja tu, wewe.