Midomo Myembamba ya Mukwe Wako

Kambale ndugu yangu,

Kwanza kaa vizuri huko uliko, hapana kuruka. Mutoto wako Kavira amepata bwana. Na mutu aliyewekwa kwenye kiti chako ili asome uso wa kijana, ni mimi. Mimi Paluku, mwenye nyusi zinazokutana! Najua umekwisha kuanza kucheka. Cheka tu, hata sisi tulicheka, mais mbele ya kufika kwenye kicheko nilitoka jasho mpaka shati ikanishika mugongo.

Tangu utuache, kazi inaenda hivyo hivyo. Mbuzi za upande wa Mangina hazifiki vizuri, juu ya mambo ya barabara unayoyajua, donc nanunua zaidi Masereka na kuleta hapa Butembo. Nachagua vile ulivyonifundisha: nashika kidevu, nageuza uso kwenye mwanga, naangalia kama macho yamekaribiana, juu ulisemaka mbuzi wa macho ya karibu atakata kamba. Bon, nikuambie wazi: hata za macho ya mbali zinakata kamba. Wiki iliyopita moja iliingia kwenye duka la vitambaa na ikatoka na kipande cha kitenge mudomoni.

Shida yako ni kwamba hukuishia kwa mbuzi. Batu pia uliwashika kidevu! Nakumbuka ulivyomugeuza uso ule shemasi mupya, kanisa lote likiangalia, na yeye masikini akafungua kinywa, akidhani unatafuta jino bovu. Pua pana, ulisemaka, huyo ni mutu wa kukaribisha bageni. Paji la uso lililotoka mbele, mubishi. Nyusi zinazokutana, hasira na wivu. Na ukifika kwenye midomo myembamba, sauti yako ilishuka. "Mutu wa midomo myembamba anaficha kitu," ulisemaka, "hapana kumuingiza mu nyumba." Ulilisema hilo mpaka kitandani, mama Kavira akikushika mukono: wa midomo myembamba asimuoe binti yangu. Jamaa yote ilisikia.

Mimi mwenyewe ulinisoma siku ya kwanza, pale soko ya Musienene, katikati ya magunia ya maharagi. Ulisema mbele ya batu, "Wewe uko mutu mubaya. Twende tukunywe chai." Chai haijaisha, ukawa umepata dawa yangu: "Nyusi zako ni za hatari, mais masikio yako inakuombea." Sikukuuliza zaidi, nilishukuru Mungu tu kwa kunipa masikio. Baadaye niliona kwamba kila mutu uliyempenda alikuwa na kitu cha kumuombea. Huyu kidevu, ule mwanya wa meno. Yule fundi wa baiskeli uliyempenda sana hakuwa na kitu chochote usoni, ukasema shingo yake inamuombea.

Basi, kijana anaitwa Mumbere, infirmier, muuguzi wa hospitali kule Beni, ambako Kavira anafundisha. Balijuana kwenye chorale ya kanisa. Mbele ya siku ya bageni, Kavira alinijia nikiwa nafunga mbuzi, akanishikia kamba vile alivyokuwa akikushikia wewe. Akasema, "Baba mudogo, ukimukataa sitakimbia naye. Nitakutii. Mais hapana kunitafutia mwengine, nitabaki vile niko." Unamujua mutoto wako: akilia, jambo litapita, akisema kwa sauti ya chini, amemaliza. Nikamuuliza uso wa kijana ukoje. Akaangalia chini, akasema, "Utamuona." Nikafunga kamba ile ile mara mbili.

Bageni balifika na mbuzi zao za mahari, nzuri, zenye afya. Balikaa kwenye benchi kwa mustari, kimya, bila kujitambulisha, kwa ile desturi uliyotuwekea wewe: msomaji apite mbele yao, aangalie sura moja moja, na amuonyeshe bwana-arusi mbele ya kuambiwa. Wewe hukukosa hata mara moja! Tuliona kama unabii. Kumbe mama Kavira amenisimulia siri yako juzi: ulikuwa unaangalia viatu, juu bwana-arusi njo mwenye viatu vipya. Aksanti sana, ndugu. Hungeweza kuniachia hilo neno moja?

Nikapita. Nikaona kijana wa pua pana, masikio makubwa, midomo minene yenye heshima, macho yametulia kabisa. Nikasema moyoni, Kambale, huyu ulimuumba wewe. Nikamushika bega na kutangaza kwa sauti ya mahubiri, "Huyu njo mukwe wetu!" Ule mutu akasimama haraka, ameshika kofia, akasema, "Pardon, muzee, miye chauffeur tu, nimebaleta na gari. Niko na bibi na batoto, bananingojea Masereka." Nyumba ikapasuka kwa kicheko. Hata mbuzi nje zilianza kulia.

Halafu baliponionyesha bwana-arusi mwenyewe, kicheko kilikatika. Alikuwa amekaa mwisho kabisa. Midomo, Kambale, kama mustari uliochorwa na kalamu. Nikakimbilia masikio: madogo. Pua: nyembamba. Paji la uso limetoka mbele, na macho yanakimbia huku na kule kwa woga. Nilizunguka uso mzima nikitafuta kitu cha kumuombea, nikatafuta mpaka shingo. Hakuna! Ningekuwa soko, ningesema rudisha hii mbuzi.

Bazee bako balinitazama. Mama Kavira alinitazama, naye njo aliyekuwa mukali kuliko bote. Alikwisha kuniambia asubuhi neno la marehemu halivunjwi. Nilijua Kavira amesimama nyuma ya pazia. Nikisema hapana, mutoto atatii na kubaki hivyo maisha yake yote. Nikisema ndiyo, nimevunja neno lako kaburi likingali bichi, na mimi njo mutu uliyemuamini. Nikavua kofia, nikaivaa tena. Nilikukasirikia, ndugu. Nilikukasirikia sana kwa kufa na kuniachia kazi hiyo.

Kijana kwa haya akakaza midomo yake mpaka ikapotea kabisa. Na hapo mama Kavira akaanza kucheka. Mwanzo nilidhani ni kilio. Alicheka akijipiga mapaja, kilemba kikaanguka, akasema, "Muniache, muniache, huyu ni Kambale! Ni Kambale bila masharubu!"

Masharubu, Kambale! Yale masharubu ambayo hukuyanyoa hata siku moja tangu nikujue, ukituambia ni heshima ya ukoo! Mama Kavira alisimama akatoboa yote. Kwamba baba yake ndiye aliyekuwa na ile elimu ya nyuso. Kwamba ulipokwenda kumuposa mara ya kwanza, muzee alikushika kidevu, akakugeuza kwenye mwanga, akasema midomo hii inaficha kitu, rudi kwenu. Kwamba ukarudi, ukafuga masharubu mpaka mvua nyingine, ukaja tena na shati la kuazima, na muzee akakuangalia akasema, "Huyu afadhali. Ule wa kwanza alikuwa mubaya." Bageni balianguka chini. Chauffeur alilia machozi.

Mama Kavira alipopanguza uso, akasema pole pole, bila kicheko sasa, "Baba yangu hakukosea. Kambale alificha kitu. Wakati wa kukimbia vita alituficha kwamba yeye hakuli kitu, chakula chote anatupatia sisi, mpaka alipoanguka njiani njo tukajua. Kama huyu naye anaficha vitu vya namna hiyo, na aingie mu nyumba." Halafu akanigeukia. "Paluku, sema." Nikasema ndiyo. Nikasema kwa jina lako, kwa sauti, na Kavira akatoka nyuma ya pazia akanikumbatia mpaka kofia ikanitoka. Tulikula fufu na nyama, chauffeur akapewa sahani ya bwana-arusi, juu nilikuwa nimekwisha kumubariki.

Mais nikuulize, kwa nini hukuniambia? Chai zote zile tulikunywa pamoja. Ningekucheka, ndiyo, ningekucheka mwaka mzima, halafu ningenyamaza. Nadhani ulimukataza Kavira midomo ile juu ulijua inavyomuchosha mama yake kukisia kila siku uko na njaa ao hapana, unaumwa ao hapana. Hata ugonjwa wako wa mwisho ulituficha mpaka daktari alipotikisa kichwa. Hilo bado linaniuma, siwezi kulifanyia mchezo.

Bageni balipoondoka, mama Kavira alinionyesha picha yako ya zamani, ya kitambulisho, kabla hujafuga masharubu. Nilikaa nayo kwenye mwanga wa mulango. Kijana mwenye woga, midomo imekazwa, macho yanakimbia. Nitasema kweli: kama mutu wa sura hiyo angekuja kwangu pale Musienene akitaka tushirikiane, ningemukataa. Ningemukataa na kuendelea na safari yangu, na nisingejua nimekosa nini.

Arusi ni Beni, kabla ya mavuno ya maharagi. Tumekubaliana kila kitu. Mimi njo nitamuingiza Kavira kanisani, nimekwisha kumupatia fundi koti langu alirekebishe. Lala vizuri, Kambale wangu. Nakuahidi hili: pasta atakaposema baba wa bibi-arusi asimame, benchi yako haitakuwa tupu. Nitasimama.

Ni mimi,
Paluku