Ninadaka Ule wa Chini

Kiomboi, 12 Mei 2024

Mume wangu Peniel,

Hujambo huko Japani? Unakula? Mimi mzima, magoti tu yamenuna. Alizeti tumekata. Anayeandika ni dada yako Aneth, atapiga picha akutumie kwa simu. Nimemkataza kupamba maneno yangu.

Jana alinionyesha mnavyocheza hiyo besiboli. Anasema wanakusifu: miaka minne hujakosa mechi, mpira ukija upande wako umefika. Sawa. Mbona sasa unageuza shingo kama kuku anayemtazama mwewe? Hukuzaliwa hivyo, nilikuogesha mimi. Jicho lina nini? Usinidanganye.

Bibi yako, mke wako wa kwanza


20 Mei 2024

Shikamoo bibi,

Mimi mzima, wasalimie wote. Mwezi uliopita mpira ulidunda vibaya ukanigonga shavuni. Uvimbe umeisha. Ila usimwambie mama: wakipiga mpira mmoja, mimi naona miwili. Nimezoea. Ninadaka ule wa chini, ndio wa kweli.

Kocha hajui. Akijua atanikalisha, na benchini kuna kijana anayeingojea nafasi yangu. Mimi si mpigaji hodari, bibi. Kinachoniweka hapa ni kwamba nipo kila siku.

Mjukuu wako, Peniel


Kiomboi, 26 Mei 2024

Peniel,

Marahaba. Leo sikuiti mume.

Unamkumbuka yule maksai wetu, Jembe? Babu yako alimfunga nira kila msimu kwa sababu hakuwahi kuchechemea. Majirani nao wakaja, "Tuazime Jembe, huyo hana shida." Mwenzake mvivu akawa anapumzishwa. Jembe akaanguka na nira shingoni. Tulipomchuna, bega lilikuwa limeoza ndani. Tulimla huku tunamsifu.

Siku moja ule wa juu ndio utakuwa wa kweli. Tangu nisomewe barua yako, nikifumba macho naona kitu kinakuja usoni kwako, na mikono yako iko chini.

Mwambie kocha. Wakikufukuza, rudi. Shamba halijamkataa mtu.

Bibi yako


Kiomboi, 9 Juni 2024

Mume wangu,

Umeamkaje? Hukujibu. Simu yako inaita tu.

Leo Aneth amefungua mechi. Mahali pako, kati ya kituo cha pili na cha tatu, amesimama kijana mrefu anatafuna kitu. Mama yako akauliza, "Peniel yuko wapi?" Nikamwambia umepumzishwa.

Ndivyo nilivyokuagiza. Ningepaswa kuwa nacheka sasa. Aneth ananiuliza mbona nimeuma kanga. Ni hivi: mtu aliyesema ukweli akakalishwa, na mtu aliyepigwa na mpira akalazwa, ukiwatafuta uwanjani wote hawapo, na kijana mrefu anatafuna vilevile.

Niandikie neno moja, mume wangu. Hata nitukane.

Mke wako